Somo la Mtaa: Kuchonga, Kuchora na Kupiga Picha Viumbe vya Mungu

Masomo ya kusoma nyumbani kabla ya kuanza: Mwanzo 2:18-20, Kutoka 31:1-11, 1 Wafalme 4:29-34 na 7:23-29, Zaburi 104, Mathayo 6:26-30.



Somo letu la safari hii si la namna tuliyoizoea katika kurasa hizi. Tumezoea kujifunza habari za sala, za ndoa, za sakramenti na za malezi ya watoto. Leo twataka kujifunza habari za mtu achongaye mnyama katika gogo, achoraye ndege juu ya ubao, au apigaye picha ya swala kwa kamera. Wapo watakaouliza: hayo yanalihusu nini Kanisa? Si mambo ya watalii hayo? Sisi twasema yanalihusu Kanisa, tena yanatuhusu sisi wa Kiranjeranje kuliko watu wengi, maana tunaishi kati ya vitu viwili ambavyo wasanii huvitafuta kutoka mbali: mti wa mpingo na wanyama wa porini. Na vyote viwili vimepungua sana katika maisha ya watu walio hai leo.

Jambo tunalotaka kulionyesha ni moja. Kufanya mfano wa kiumbe kwa uaminifu ni njia mojawapo ya kumheshimu Muumba, kwa sababu hapana awezaye kuchora vema kitu ambacho hakukitazama kwa muda mrefu. Na mtu aliyekitazama kitu hivyo, si rahisi akiharibu ovyo.

1. JE, AMRI YA PILI YAKATAZA?

Tuanze na swali ambalo waumini huuliza. Katika Kutoka 20 Mungu anakataza kufanya sanamu ya kuchonga au mfano wa kitu kilicho juu mbinguni, au duniani, au majini. Basi mchongaji wa tembo anavunja amri?

Tusome mbele. Amri yenyewe inaendelea kusema habari za kuvisujudia vitu hivyo na kuvitumikia. Kisha, sura chache tu baadaye, Mungu yule yule anamchagua Bezaleli wa kabila ya Yuda, anamjaza Roho wake, na kumpa akili ya kuchonga mti, kukata vito na kufua dhahabu. Msaidizi wake ni Oholiabu wa kabila ya Dani. Sulemani naye alipoijenga nyumba ya Bwana aliweka bahari ya shaba juu ya ng'ombe kumi na wawili, na penye vitako akatia simba, ng'ombe na makerubi. Kuta zilikuwa na mitende na maua. Sulemani huyo huyo ndiye tunayeambiwa kwamba alinena habari za miti, tangu mkubwa kabisa hadi mmea mdogo uotao ukutani, na habari za wanyama, ndege na samaki.

Mfano ulio wazi zaidi ni wa nyoka wa shaba. Katika Hesabu 21 Mungu mwenyewe anamwagiza Musa amfanye. Katika 2 Wafalme 18 mfalme Hezekia anamvunja-vunja, naye anasifiwa kwa kumvunja. Sanamu ni ile ile moja, ila safari hii watu walikuwa wamekwisha kuanza kuifukizia uvumba. Dhambi, basi, ni kukiabudu kile kilichofanywa, iwe kwa uvumba au kwa kukipenda kuliko Mungu. Kazi ya mkono yenyewe haikukatazwa.

Tuwaheshimu pia jirani zetu Waislamu, ambao wengi wao huona si vema kufanya mfano wa kitu chenye roho. Wao hawakukosa njia ya kuusifu uzuri wa viumbe. Nakshi za majani, maua na minyororo katika milango ya miji yetu ya pwani ni kazi ya watu waliotazama mimea kwa makini. Na wageni bado wanakwenda Kilwa Kisiwani kuutazama Msikiti Mkuu uliojengwa kwa mawe ya matumbawe. Tusidharauliane katika jambo hili. Kila mmoja atende kwa dhamiri safi.

2. ADAMU ALITAZAMA KWANZA

Katika Mwanzo 2 Mungu analeta wanyama na ndege mbele ya Adamu ili aone atawaitaje. Hii ndiyo kazi ya kwanza ya akili ambayo mwanadamu alipewa. Adamu hakuwaita wote kwa jina moja. Ilimpasa kumtazama kila mmoja na kuona kinachomtofautisha na mwenziwe.

Wazee wetu waliifanya kazi hiyo vizuri. Katika Kingindo, Kimachinga, Kimwera na Kimakonde kulikuwa na majina ya ndege wengi, na ya miti mingi zaidi. Leo muulize mtoto wa darasa la tano: yule juu ya mti ni nani? Atakujibu, "Ndege." Mwambie achore mti, naye atachora shina kama nguzo na duara juu yake, ule mti wa kwenye vitabu, usioota katika kijiji chochote duniani. Hali mbele ya dirisha la darasa kuna mwembe, mkorosho na mbuyu, na hakuna hata mmoja ulio na umbo hilo.

Sisi tuliofundisha shule za msingi, na tuliofundishwa katika chuo cha ualimu kwamba kuchora ni somo la kupumzikia, twajua jinsi kipindi hicho kilivyokuwa cha kwanza kukatwa muda ulipopungua. Lakini kuchora ni kujifunza kuona. Mchukue hondohondo. Mtu asiyemtazama atakuambia ana mdomo mkubwa, basi. Aliyekaa chini ya mti kwa subira atakuambia kwamba wakati wa kuzaa jike hujifungia katika tundu la mti, mlango ukazibwa kwa udongo na uchafu mpaka ukabaki ufa mwembamba, na dume humlisha kwa ufa huo mpaka makinda yakue. Aliyekwisha kuyaona hayo atamchora hondohondo kwa namna nyingine. Tena atafikiri mara mbili kabla ya kuukata mti wenye tundu.

Mwandishi wa Zaburi ya 104 alikuwa mtazamaji wa namna hiyo. Ajua korongo hujenga juu ya mti gani, wibari hujificha wapi, na simba hutoka wakati gani. Bwana wetu naye aliposema tuwatazame ndege wa angani na tuyafikiri maua ya kondeni, hakusema kwa mafumbo tu. Alituagiza kutazama.

3. MTU WA KUSINI ALIYECHORA WANYAMA

Mfano wa kwanza wa kazi hii tunaupata kwa watu wetu wenyewe. Vijana wengi hudhani neno "tingatinga" katika picha za rangi latokana na mtambo wa kulimia. Sivyo. Ni jina la mtu, Edward Saidi Tingatinga, aliyezaliwa mwaka 1932 katika wilaya ya Tunduru. Jina la Edward ni la Kikristo, na la Saidi ni la Kiislamu. Watu wa kusini hatushangai, maana koo zetu nyingi ndivyo zilivyo.

Edward hakusoma chuo cha sanaa. Kama vijana wengi wa kusini wa wakati wake alikwenda kutafuta kazi katika mashamba ya mkonge Tanga, kisha akafika Dar es Salaam na kufanya kazi za nyumbani. Yapata mwaka 1968 alianza kuchora. Hakuwa na turubai wala rangi za kisanii za kutoka Ulaya. Alichukua vipande vya mraba vya hadibodi na rangi ya mafuta ya kupakia baiskeli, rangi ambayo fundi yeyote wa mtaani aliijua. Picha zake ziliuzwa Oyster Bay, nje ya maduka ya Morogoro Stores.

Alichora nini? Mara nyingi mnyama mmoja tu, mkubwa, akiijaza picha yote, na nyuma yake rangi moja tupu. Chui, simba, nyati, tembo, ndege. Hao ndio wanyama wa nchi aliyotoka. Hakuwa na kitabu cha kunakili mbele yake, bali alikuwa na kumbukumbu ya mtu aliyekulia karibu na pori. Ndiyo maana chui wake, ingawa hafanani sana na chui wa kwenye picha ya kamera, ana ule mtazamo wa chui ambao mtu wa porini anautambua.

Alichora kwa miaka minne hivi tu. Mwaka 1972 alipigwa risasi na polisi usiku jijini Dar es Salaam kwa kudhaniwa kuwa mhalifu, akafa. Hata hivyo alikuwa amekwisha kuwafundisha jamaa na watu wa kwao, miongoni mwao January Linda, Adeusi Mandu, Ajaba Abdallah, Kasper Tedo na Simon Mpata. Hao wakafundisha wengine, na mwaka 1990 wachoraji wakaunda chama cha ushirika kwa jina lake. Leo picha za namna hiyo zinajulikana duniani kote.

Tujifunze mawili hapa. La kwanza, umaskini wa vifaa haukumzuia. La pili ni onyo. Wapo leo wanaochora twiga na tembo kwa mamia bila ya kuwahi kumwona hata mmoja, wakinakili picha iliyonakiliwa kwa picha nyingine. Riziki ni halali, wala hatuwalaumu. Lakini yule mwanzilishi alichora alichokijua, nasi tunaokaa na wanyama tuna mali ambayo mchoraji wa mjini hanayo.

4. MCHONGAJI NA MTI WETU

Kama Tunduru imetoa mchoraji, Kilwa na Lindi tumetoa mti. Mpingo ni mti wa pori letu la miombo. Nje ya kiini kuna mti mweupe wa manjano, na ndani kiini cheusi, kizito hata kikizamishwa majini hakielei. Wachongaji wa Kimakonde, wengi wao waliovuka Ruvuma kuja kufanya kazi katika mashamba ya mkonge, waliufanya mti huu ujulikane ulimwenguni. Kwa tezo, patasi na tupa walitoa humo vinyago vya ujamaa, ambamo watu wa ukoo mzima wamebebana tangu chini hadi juu. Mti huo huo huenda Ulaya kutengenezea klarineti na zumari nyingine.

Mchongaji mzuri halazimishi gogo. Huligeuza, hulitazama, hufuata mkunjo na ufa uliomo, ndipo hujua ni ndege au ni mzee aliyeinama. Lakini gogo hilo limechukua miaka 70 hadi 100 kufikia unene wa kuvunwa. Mti uliokatwa leo asubuhi ulianza kuota kabla ya babu wa mkataji kuoa. Kwa miaka mingi miti hiyo ilitoka katika wilaya yetu kwa malori, na kijiji kilichokuwa kimeutunza msitu kikabaki na vumbi la barabarani.

Tumshukuru Mungu kwamba njia bora imekwisha kuonyeshwa. Sheria ya Misitu ya mwaka 2002 iliviruhusu vijiji kutenga misitu yao, kuilinda, na kupata fedha za mavuno yake. Katika wilaya yetu ya Kilwa, vijiji vya Kikole na Kisangi vilitangulia, na mwaka 2009 vikapata cheti cha kimataifa cha usimamizi bora wa misitu kijulikanacho kama FSC. Ilikuwa mara ya kwanza Afrika kwa misitu ya asili inayosimamiwa na wanavijiji kupata cheti hicho. Hapa sanaa na uadilifu vinakutana. Mwenye kununua kinyago au klarineti aweza kuuliza: mti huu ulikatwa wapi, na nani alilipwa?

5. KAMERA: UKWELI WAKE NA UPUNGUFU WAKE

Yupo atakayesema kwamba kamera ni tofauti, kwa kuwa haichoki wala haisahau, nayo haisemi uongo. Tupime.

Mjerumani mmoja, Carl Georg Schillings, alikuja nchi hii mwanzoni kama mwindaji. Kisha akajifunza kupiga picha za wanyama usiku kwa unga wa magnesiamu ulioripuka na kutoa mwanga mkali, na kitabu chake cha picha hizo kilichotoka mwaka 1905 kilisifiwa sana Ulaya. Baadaye akawa mtetezi wa wanyama. Lakini ili kuwapata simba mbele ya kamera alifunga punda au ng'ombe hai kuwa chambo. Picha ni ya kweli, ila mwenye kuitazama hakuambiwa gharama yake.

Mwaka huo huo wa 1905, huku kwetu Umatumbi, watu waliochoshwa na kulimishwa pamba kwa nguvu walianza vita vya Maji Maji. Vita na njaa iliyofuata viliacha sehemu kubwa za kusini bila watu, hata pori likarudi mahali pa mashamba. Katika miaka ya 1940 serikali ya Kiingereza iliwahamisha watu wengi wa upande wa Liwale, ikitaja ugonjwa wa malale, na Pori la Akiba la Selous likapanuliwa. Basi tuonapo leo picha nzuri ya pori hilo, lisilo na nyumba wala moshi, tusidhani lilikuwa tupu tangu kuumbwa kwa dunia. Wangindo walizika wazee wao humo. Kamera haikusema uongo, lakini haikusema yote.

Hata hivyo kamera yaweza pia kushuhudia. Katikati ya miaka ya 1970 sensa ya ndege ilionyesha tembo zaidi ya 100,000 katika Selous na maeneo yanayoizunguka. Mwaka 2013 walibaki kama 13,000. Ujangili ndio uliowamaliza. Mwaka 2014 UNESCO ikaiweka Selous katika orodha ya urithi wa dunia ulio hatarini, na mwaka 2019 sehemu yake kubwa ikafanywa Hifadhi ya Taifa ya Nyerere. Hesabu hizo ziliwashtua watu. Lakini mtu ambaye hakuwahi kumwona tembo alimjua kwa picha, na kwa picha akajua ni kitu gani kinachopotea.

Twajua mwenye shamba atanung'unika hapa. Mtu aliyekesha juma zima akipiga debe ili tembo wasimalize mahindi yake, kumwambia habari za uzuri wa tembo ni kama kumcheka. Hatumcheki. Njaa ya watoto wake ni jambo zito mbele ya Mungu, na jirani zake na Serikali wanawajibika kumsaidia. Twasema tu kwamba Ayubu naye alikuwa mtu wa kuumizwa, na Mungu alipomjibu alimwonyesha mbuni, mbuzi wa mwamba na punda-mwitu, wanyama wasiomfaa mkulima kitu. Alitaka Ayubu ajue kwamba dunia hii haikuumbwa kwa ajili ya shamba lake peke yake. Neno hilo ni gumu, wala mtu asiyelala shambani asiwe mwepesi wa kumhubiria anayelala huko.

6. TUFANYE NINI MTAANI KWETU?

(a) Shule ya Jumapili. Mara moja kwa mwezi watoto watoke nje. Kila mmoja achague kitu kimoja tu, jani, mjusi au kiota kilichoachwa, akitazame robo saa bila kuchora. Kisha achore kwa mkaa au penseli. Mwalimu asichore mfano ubaoni. Asiye na karatasi afinyange kwa udongo.

(b) Vijana. Wengi sasa wana simu zenye kamera. Watumie mwanga wa asubuhi au wa jioni, maana jua la saa sita hufuta umbo la kitu. Wakae kimya na kungoja. Wasitupe mawe ili ndege aruke, wasiguse kiota chenye mayai, wala wasimsogelee tembo au nyati kwa ajili ya picha. Na picha ikichezewa ili ionyeshe lisilokuwapo, asiyejua asiambiwe ni ya kweli.

(c) Wazee. Kila familia iandike majina ya ndege, wanyama na miti kwa lugha ya nyumbani, na mtoto achore picha mbele ya kila jina. Daftari hizo zikiletwa kanisani, tutakuwa na kitabu cha pori letu ambacho hakuna duka linalokiuza.

(d) Sisi sote. Sikukuu ya mavuno tuletapo mahindi, ufuta na mihogo altareni, watoto walete pia picha zao. Nazo ni mavuno.

MASWALI YA KUZUNGUMZIA

1. Kwa nini Hezekia alisifiwa kwa kukivunja kitu ambacho Mungu aliagiza kifanywe? Ni vitu gani siku hizi twavipenda kwa namna hiyo?
2. Taja ndege watano wa kijijini kwako. Unaweza kueleza kila mmoja anakula nini na anajenga wapi?
3. Kijana akiuziwa gogo la mpingo kwa bei nafuu bila kibali, naye ni mchongaji mwenye watoto, afanye nini?
4. Je, mtaa wetu waweza kumsaidiaje mwenye shamba lililoharibiwa na tembo, ili asilazimike kumchukia kila kiumbe wa porini?

SALA

Ee Mungu Muumba, uliyemleta kila mnyama mbele ya Adamu apate kumwita jina: utupe macho ya kuona na subira ya kungoja. Ibariki mikono ya wachongaji na wachoraji wetu, na macho ya wapiga picha, wasitende kazi yao kwa uongo. Uwalinde wanaokesha mashambani, na chakula chao kisipotee. Uilinde misitu ya Kilwa na vyote viishivyo humo, ili wajukuu wetu wavione vyenyewe, wasivijue kwa picha tu. Kwa Yesu Kristo Bwana wetu. Amina.